Kwa Pisuy Silan, Ambaye Nguruwe Wake Tulimrudisha

Mwaka umetimia, Pisuy, tangu Apay mwanao alipokuleta nyumbani kutoka Taipei ndani ya sanduku, nasi tukakupokea barabarani kwa nyimbo za kanisani. Tuliimba vizuri siku ile. Wageni waliokuja na magari kutoka mjini walilia, wakasema ukoo wako unakupenda. Hakuna aliyewaambia kwamba ulikuwa umekaa miaka thelathini na moja bila kupewa nyama kwetu.

Naandika mimi, dada yako Labi, kwa niaba ya familia. Kaka yetu Hayung alitaka kazi hii apewe mchungaji. Nikamwambia, "Mchungaji atamsifu kama anavyowasifu wote. Mpole, mcheshi, mpenda watu."

"Kwani hakuwa hivyo?" akaniuliza.

Ulikuwa hivyo, tena kupita kiasi. Ila mchungaji hana cha kuungama, na mimi ninacho.

Watu wa televisheni walikujua kwa jina la Kichina, Ho Yue-ying; Ho ni jina la ukoo alilopewa baba yetu na karani aliyeshindwa kuandika jina letu. Ulikuwa na miaka kumi na tisa walipokuokota kwenye kikundi cha ngoma za watalii. Wakakupa uigize vijakazi. Wakakupa mlevi wa milimani, wakakupa bibi harusi wa kujirusha gengeni. Kufikia mwaka wa tisa ulikuwa umekufa mara kumi na moja kwenye kioo, na katika vifo vyote hivyo hukuwahi kupewa maneno ya kujaza kiganja. Ulipokuja likizo ulijilaza sakafuni ukituonyesha namna ya kufa kwa sumu, kwa mkuki na kwa mapenzi, watoto wakishika mbavu kwa kicheko. "Dada, nimebobea," ulisema. "Siku nikifa kweli hamtaamini."

Ulikuwa na mazoea yako. Ulitafuna tangawizi mbichi kabla ya kulia mbele ya kamera. Kila safari ulibeba mkebe wa nyama ya nguruwe iliyochachushwa na wali, ukawalisha kwanza vijana wa taa, halafu wapiga picha, na mwongozaji ukampa mwisho kama kimebaki kitu. Ndiyo maana hata katika tamthilia ulizosimama nyuma na sinia mkononi, uso wako ulimulikwa vizuri. Vijana wa taa hawakukusahau. Wawili wao walikuja mazikoni, wazee sasa, wakabeba sanduku pamoja na Hayung.

Halafu ukaja mwaka wa themanini na sita, na tamthilia ile kubwa ya vita vya babu zetu na Wajapani. Safari hii walikupa mtu wa kweli, mama wa shujaa, mwenye maneno na mwenye chale usoni kama mabibi zetu. Mpambaji alikuchora mistari kama sharubu za paka. Ukakataa kutoka kwenye chumba cha kujipamba.

"Ni rangi tu, bibie," mwongozaji alikuambia. "Jioni inaoshwa."

"Kama ni rangi tu, basi ipakwe sawasawa."

"Sawasawa ndiyo ipi? Tuletee."

Ukapanda basi ukaja nyumbani na karatasi nyembamba za kunakilia. Hapo ndipo kosa lilipoanzia, kwenye kutaka kwako kitu kiwe sawasawa.

Kwetu chale za mwanamke hazikuwa pambo. Alichanjwa yule aliyeweka mbele ya wazee nguo aliyoifuma mwenyewe, kuanzia kumenya mmea wa uzi hadi kumaliza pindo. Chale hizo zilitoka masikioni zikashuka mashavuni na kukutana mdomoni, na kila ukoo ulikuwa na mpangilio wake. Ndizo zilizomvusha mtu kwenye upinde wa mvua akifa, kwa sababu wazee wanaongoja upande wa pili hutazama uso kwanza, kisha mikono. Wajapani walipiga marufuku mambo hayo bibi yetu, Yaki Kagi, akiwa msichana aliyechanjwa juzi tu. Baada yake hakuna aliyepata. Mimi nilijua kufuma, Pisuy. Kama si marufuku ile, uso ule ungekuwa wangu. Wewe hata kutunga uzi kwenye kitanda cha kufumia ulikuwa huwezi.

Ulitaka kumwomba ruhusa Yaki. Nasema hapa mbele ya watu wote kwamba ulitaka.

"Ukimwomba atakataa," nilikuambia. "Ngoja alale mchana."

"Si vizuri, dada."

"Vizuri ni kurudi mjini na sharubu za paka?"

Akalala kwenye benchi barazani baada ya kula, mdomo wazi, anakoroma. Mimi nilishika mwavuli jua lisimpige usoni akaamka. Wewe ulipiga magoti ukanakili. Mistari miwili ya kidevuni uliikosea, na mimi ndiye niliyekunong'oneza uirudie. Nilijua ilivyokaa kwa sababu nilikuwa nimeitamani tangu nikiwa mtoto.

Jioni ya sehemu ya kwanza ya tamthilia, kijiji kizima kilijaa kwa Hayung na viti vyake. Jina lako lilipopita kwenye kioo watu walipiga makofi. Kisha uso wako ukaletwa karibu, na makofi yakaisha. Yaki alikuwa amekaa mbele. Alipandisha mkono akagusa shavu lake.

"Huyu amefuma nini?" akauliza.

Akatugeukia tuliokaa nyuma.

"Wakituchora ovyo mimi hucheka. Leo hawakuchora ovyo. Hizi ni zangu. Nani amemwonyesha?"

Nilikuwa nyuma yake namenya maharage. Niliendelea kumenya.

Hilo watu wa mjini hawalielewi mpaka leo. Wao walikusifu kwa kupatia. Kwetu, ungekosea tungekuzomea ukija likizo na mambo yakaisha. Kwa kuwa ulipatia, ulikuwa umejichanja kweli, bila kufuma hata kitambaa cha kufutia meza, na bila ruhusa ya mwenye uso.

Sheria ya wazee wetu inaitwa gaga, na gaga haijui "samahani" ya mdomo. Mkosaji analeta nguruwe. Anasimama mbele ya nyumba zote za ukoo na kueleza kosa lake lote: alifanya nini, lini, na alikuwa na nani. Halafu nyama inakatwa mbichi, kila nyumba inachukua fungu lake, na kuanzia hapo hakuna anayeruhusiwa kulitaja tena jambo lile. Lakini nyumba moja ikikataa, hakuna anayekula.

Uliposikia, hukubishana. Ulipiga simu ya ofisi ya kijiji wakaja kuniita. Yaki mwenyewe alikuwa amekwisha kusema, "Aje. Nitakula." Wewe kwenye simu ulikuwa na furaha, ukaniambia umepata nguruwe mzuri, mweusi mtupu. Kisha ukasema, "Dada, mbele ya nguruwe siwezi kudanganya. Tusimame wawili. Itakuwa aibu ya asubuhi moja tu."

Nilikujibu njoo. Nikarudi nyumbani nikakosa usingizi siku tatu. Kijiji kilikuwa kimekwisha kukuweka wewe upande ule, mtoto wa televisheni aliyepotea, na mimi upande huu, mtoto aliyebaki na kushika mila. Mume wangu Yukan alikuwa milimani akikata mianzi, kwa hiyo mlango wa nyumba yetu ulikuwa wangu. Uliposimamisha kigari mbele yake, nguruwe akiguna nyuma, nilitoka nikasimama kizingitini, nikapaza sauti majirani wasikie.

"Nyumba hii haili nyama ya muuza nyuso!"

"Labi," ulisema polepole.

"Mpeleke kwa hao waliokupaka."

"Labi, hebu nitazame."

Sikukutazama. Ungeweza kusema neno moja tu, Pisuy. Kusema tu, "Mwavuli ulishikwa na nani?" Majirani walikuwa wamesimama kando ya barabara, masikio wazi. Hukusema. Ulipanda kwenye kigari, ukamwambia dereva ageuze, na ilimchukua muda kugeuza kwa sababu njia ni nyembamba. Nguruwe alirudi alikotoka. Wiki nzima wanawake wa kijiji walinisifu kisimani na kanisani, wakasema Labi ana msimamo, na nilizipokea sifa zile.

Yaki Kagi alifariki miaka minne baadaye. Siku za mwisho alikuwa anasahau, akiuliza kila asubuhi, "Nyama ya Pisuy iko wapi?" Mimi ndiye niliyekuwa namlisha uji. Nilimjibu, "Iko njiani, Yaki." Alikuwa anaridhika, anafungua mdomo. Wakati wa maziko ulisimama chini barabarani na Apay, mtoto mchanga, mgongoni, maana mtu mwenye kosa lisilofutwa hakaribii kaburi la aliyemkosea. Mvua ilikunyeshea pale hadi tulipomaliza.

Tangu tamthilia ile uliacha kuigiza. Wewe mwenyewe ulisema umechoka kufa, na waandishi wakaandika kama utani. Ulinunua kamera iliyokwisha kutumika ukaenda mabonde mengine, kwa wazee wa watu wengine, kutafuta wanawake wa mwisho wenye chale. Ulifanya kazi kwa namna iliyowachekesha wenzako wa mjini. Ulifika kwa bibi, ukaacha kamera ndani ya mfuko, ukamlimia tangawizi msimu mzima. Msimu wa pili ulimwomba akufundishe kufuma. Kamera ilitoka msimu wa tatu, tena bibi mwenyewe akikuuliza, "Hilo dude lako huwa linafanya nini?" Ukimaliza kupiga picha ulizionyesha kwanza kwake, kwenye shuka lililotundikwa ukutani, na alichokikataa ulikikata mbele yake. Wanawake tisa, miaka kumi na miwili. Kila mmoja uliomba ruhusa kwa mdomo wako, akiwa macho.

Filamu ile ilipata tuzo. Nilikuona kwenye televisheni umevaa sketi uliyoifuma mwenyewe, pindo limekwenda upande kidogo, na mtangazaji akakuuliza, "Mbona bibi yako mwenyewe hayumo?"

"Nilichelewa," ulijibu.

Hukuchelewa. Ulizuiwa mlangoni na mimi, na ulijua kabisa kwamba ninatazama. Nilizima televisheni, nikamwambia Yukan picha imeharibika.

Kuna jambo moja ambalo sikuwahi kumwambia mtu. Kwenye harusi ya mtoto wa kwanza wa Hayung, Apay alikuwa na miaka sita. Mlikuja, mkakaa pembeni kwenye viti vya wageni. Mafungu ya nyama yakaitwa nyumba kwa nyumba, na ya kwenu ikarukwa. Nilikuwa napita na sufuria nyuma yenu.

"Mama, mbona sisi hatupewi?"

"Mama hapendi nyama, mwanangu."

"Lakini mimi napenda."

Nilikuwa na kijiko mkononi. Nilipita.

Ulipougua nilikuja kukuona mara moja, na kapu la mafyulisi ya kwetu. Ulikuwa umebaki macho na mikono, na vidole vina sugu za mfumaji, kama vyangu. Nilipokupa fyulisi moja hukulila, ulilinusa tu. "Umekuja kunitazama nikiigiza ya mwisho," ulisema. Mimi nikaanza kulia, nikaanza kuungama habari ya mwavuli, na wewe ukanikatiza.

"Usiniambie mimi. Mimi nilikuwepo. Kawaambie wao."

"Nitawaambia."

"Lini?"

"Nikifika tu."

Nilifika nikakuta mafyulisi yameiva yote kwa pamoja na vibarua hawatoshi. Nikasema Jumapili. Jumapili kukawa na mgeni kanisani, nikasema ijayo. Siku ya kumi na moja Apay alipiga simu kusema umekwenda. Nilichofanya, Pisuy, ni kukaa kwenye kreti la mafyulisi na kushukuru kidogo, kidogo sana, kwamba sasa hakuna anayejua. Nilishukuru. Ndiyo dada uliyekuwa naye.

Nguruwe wa kosa lako hatuwezi kumchinja tena, kwa sababu gaga inataka mkosaji aje kwa miguu yake. Wazee walikaa wakasema hivyo, na wamesema kweli. Lakini mimi bado nina miguu. Jumamosi iliyopita, kutimiza mwaka wako, nilimleta nguruwe wa kosa langu, niliyemlisha mwenyewe kwa viazi tangu akiwa na ukubwa wa paka. Nilisimama kwenye uwanja wa kanisa mbele ya nyumba arobaini na tatu. Nikataja benchi, mwavuli, mistari miwili ya kidevuni. Nikataja kizingiti. Nikataja uji wa Yaki, na kreti la mafyulisi nikalitaja pia.

Hayung alivua kofia akaitazama ndani, kama kuna kitu amekiweka humo.

"Miaka yote hii, Labi," alisema. "Nilikuwa namnyima dada yangu nyama kwa heshima yako wewe."

Hata hivyo alikuja wa kwanza kupokea fungu lake, akiwa analia. Wakafuata wengine. Bibi mmoja mkwe wa mjomba alipokea huku akinisonya, lakini alipokea. Nyumba arobaini na mbili zilichukua, nikaanza kufikiri kwamba tutakula.

Fungu la mwisho lilikuwa la nyumba yako, na nyumba yako sasa ni Apay. Alikuwa amesimama chini ya paa la kanisa, na ile kamera yako kuukuu begani, haijawashwa. Nilimpelekea kwa mikono miwili, juu ya jani la mgomba.

"Yata," alisema, na kwetu Yata ni shangazi, au mama mkubwa, au mwanamke yeyote wa kuheshimiwa. "Mama alijua kwamba ungesema?"

"Yeye ndiye aliyenituma."

"Alikutuma lini?"

"Mwaka jana. Hospitalini."

"Kwa hiyo bado alikuwa hai."

"Ndiyo."

"Na zilibaki siku ngapi?"

"Kumi na moja."

Aliitazama ile nyama. Ana kidevu chako, Pisuy, na ana kile kimya chako cha kabla ya kamera kuwashwa. Nilidhani atalia. Badala yake aliinua jani upande wangu kwa ncha za vidole, kwa adabu kabisa, akalisukuma likagusa kifua changu.

"Mimi napenda nyama, Yata. Yeye pia alikuwa anapenda. Lakini hii sili."

Hayung alikimbilia kumsihi. "Mwanangu, nyumba moja ikikataa hakuna anayekula. Watu wote hawa!"

"Najua sheria, mjomba. Nilikua nje yake, niliisoma vizuri kuliko ninyi."

Kisha akanigeukia. "Liandike. Liandike lote gazetini, na uweke jina la mama la kwetu, lile la Kichina lisitangulie. Watu waliomcheka muuza nyuso wasome wakiwa na chai yao. Ukishaandika sitasema nitakula. Nitasema nimesoma."

Basi watu walirudisha mafungu mezani, moja moja, bila kusukumana, mpaka meza ikajaa. Jioni tulimzika nguruwe mzima nyuma ya shamba la mianzi, kama gaga inavyotaka kwa nyama iliyokataliwa. Shimo nilichimba mimi. Yukan alitaka kunisaidia, nikamwambia akae.

Nimeandika, Pisuy. Sikuacha kitu ninachokikumbuka. Nimemsomea Hayung, akaniuliza kama haiwezekani kupunguza sehemu ya uji, na nimemwambia haiwezekani.

Unakumbukwa na kaka yako Hayung Silan na mkewe Ciwas. Na shemeji yako Yukan. Na wajukuu wote wa Yaki Kagi pamoja na watoto wao. Na vijana wako wa taa, popote walipo. Na familia za wale wanawake tisa, ambazo zilituma nguo tisa za kukufunika. Mwanao Apay anakukumbuka kwake, na ameagiza jina lake lisiwekwe kwenye mstari mmoja na langu. Ndiyo maana nimeliweka hapa, na langu naliweka chini, peke yake.

Hutatutoka moyoni maisha yetu yote, Pisuy. Wengine watakukumbuka kwa kupenda. Mimi sina ruhusa ya kusahau.

Labi Silan